Mstari wa Kimya

2 Juni

Chuo kimeniletea mgeni. Ni mtafiti, msichana wa miaka ishirini na saba, mwenye mkoba mzito, kinasa sauti na viatu visivyofaa njia zetu. Anachunguza imani na mila za mashambani zinazopotea. Mwenyekiti wa kijiji amempa chumba cha nyuma katika nyumba yangu. Alimweleza mbele ya watu: "Huyu ni mwalimu mkuu mstaafu. Kwake, binti yangu, utakula kwa saa na utalala kwa saa." Watu wakacheka. Sikuona cha kuchekesha.

Nimekubali kumsaidia kunakili mahojiano yake, kwa kuwa mwandiko wake ni wa kusikitisha. Nimemwambia wazi kwamba mila hizo nilizipiga vita shuleni kwa miaka thelathini na minne, na sijutii. Akasema, "Basi wewe ndiye niliyekuwa nakutafuta, bibi." Nimemwelekeza aniite Mwalimu.

3 Juni

Mtama umeanza kuinamisha vichwa. Ndege ni wengi.

5 Juni

Watu wamekwisha kumpachika jina: Binti Maswali. Mimi huniita Bi Nukta tangu nilipokuwa kazini, wakidhani sijui.

9 Juni

Tumemhoji Fundi Cherehani, ambaye nilimfundisha darasa la tatu na tena la tatu. Ameeleza kwamba tangu enzi za mababu hakuna fundi wa hapa anayekata kitambaa kipya kabla ya kuipigia hodi cherehani mara tatu na kuomba ruhusa. Binti Maswali ameandika kurasa nne. Mimi nilinyamaza. Cherehani ya kwanza iliingia kijijini nikiwa darasa la nne. Siku ile naikumbuka vizuri.

12 Juni

Muuza nyama amesema visu vyake hulala vikielekea mawio. Seremala amesema mlango mpya huimbiwa. Mwosha nguo amesema kamba ya kuanikia ina mwenyewe asiyeonekana. Daftari la binti limefika mila arobaini na moja. Anakula huku anatabasamu peke yake.

14 Juni

Nimekwenda kwa Fundi Cherehani baada ya chai.

"Hii habari ya kuipigia hodi cherehani umeitoa wapi?"

"Kwa babu, Mwalimu."

"Babu yako alichunga mbuzi. Hakuwahi hata kuigusa cherehani."

"Alikuwa akiiwaza."

Nikamtazama hadi akaweka mkasi chini.

"Mwalimu, mtoto wa watu ametoka mbali. Anauliza kwa adabu, macho yanamng'aa. Nimwambie hakuna kitu? Nilimwonea huruma. Na wenzangu vivyo hivyo."

Nikamwambia kwamba huruma ya namna hiyo ni uongo uliovaa nguo nzuri. Akasema nguo nzuri ndiyo kazi yake.

15 Juni

Nimemwambia binti ukweli asubuhi, kabla hajatoka. Tukakaa mezani na daftari. Katika zile arobaini na moja nimefuta thelathini na nane. Tatu zilizobaki zimeshaandikwa na watafiti wengine.

Hakulia. Ndipo akanieleza kinachomngoja. Msimamizi wake, profesa, anakuja tarehe nne Julai kuona kwa macho yake mila moja iliyo hai. Asipoiona, chuo kitaufunga utafiti, na yeye atarudishwa kupanga vitabu maktabani, kazi aliyoifanya miaka mitatu huku akiomba nafasi hii. Alinawa uso, akaja mezani kwa wakati. Angelia, ningejua la kumwambia.

17 Juni

Wakati wa chakula cha mchana binti ameuliza: "Mwalimu, ulisema ulipiga vita mila miaka thelathini na minne. Ulipiga vita nini hasa? Haiwezekani ulikuwa unapigana na upepo."

Nikamwambia chakula kinapoa.

18 Juni

Jua kali. Nimefukuza ndege shambani mchana kutwa.

19 Juni

Nimerudi kwa Fundi Cherehani. Nilitaka kumkemea kwa sababu binti amekonda. Nikamuuliza kwa nini watu wazima wenye akili zao walikaa wakatunga mila arobaini za bandia, wakati wangeweza kumpa moja ya kweli.

Akashona mshono mzima kabla ya kujibu.

"Mwalimu, ya kweli ipo. Unaijua. Hatukuweza kumwambia."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu hadithi yake haisimuliki bila wewe kuwemo. Na binti analala kwako. Tulikuwa tunakustahi."

Kumbe kijiji kizima kilidanganya kwa ajili yangu. Nimerudi kwa njia ndefu, ile inayozunguka kisima.

20 Juni

Leo nimehojiwa. Niliiweka ile mashine ya kunasa sauti mezani mwenyewe na kumwambia binti aiwashe. Naandika hapa niliyoyasema, ili yabaki kwa mkono wangu pia.

Zamani mavuno ya mtama yalifunguliwa kwa kimya. Siku ya kwanza watu wote walisimama ukingoni mwa shamba moja na miundu yao, bila neno. Wale wawili ambao ugomvi wao ulikuwa mkubwa kuliko wote ndio walioingia peke yao. Walivuna mstari wa kwanza bega kwa bega, huyu upande huu na yule upande ule. Wakifika mwisho walisimama. Mmoja akimsemesha mwenzake na mwenzake akajibu, watu walipiga kelele na mavuno yakaanza. Wasiposemeshana, hakuna aliyekata hata suke moja, hapo wala penginepo. Waliamini kwamba mtama uliovunwa juu ya ugomvi haumshibishi mtu. Maneno hayakupangwa. Wala haikusemwa nani aanze.

Mimi niliuona ni upuuzi. Watoto walikosa shule wakisubiri watu wazima wanuniane hadi wachoke. Nilipinga mikutanoni, nikapinga kwenye gwaride la asubuhi. Lakini si mimi mwalimu mkuu niliyeiua mila ile. Niliiua kama wifi.

Miaka kumi na tisa iliyopita kaka yangu alifariki zikiwa zimebaki wiki mbili mavuno yaanze. Yeye na mkewe walikuwa wamegombana, ugomvi wa mume na mke, na mauti yakamchukua kabla hawajapatana. Wifi akaniomba nisubiri siku tatu. Alitaka kuuvuna mstari ule peke yake, kwa kimya, upande wa pili akiuacha kwa ajili ya marehemu, na kumsemesha atakapofika mwisho. Mimi nikaona mjane amechanganyikiwa na mtama utaharibika. Siku iliyofuata nikawaleta wanafunzi sitini wa darasa la sita na la saba. Wakaingia shambani kwa kuimba wimbo wa gwaride. Tukalimaliza shamba lote kabla ya adhuhuri, na miganda nikaipanga kwa mstari ulionyooka.

Wifi alitoka nje. Akatazama. Akarudi ndani, akafunga mlango.

Mtama ule aliugawa kwa majirani, hakupika hata punje. Tangu siku ile hajanisemesha. Na mila ile haikufanywa tena, maana watu walisema mstari umekatwa na Mwalimu Mkuu. Mimi nilimwita mtu asiye na shukrani. Nililisema hilo mara nyingi, na kwa watu wengi.

Binti akauliza, "Na sasa unaonaje, Mwalimu?"

Nikamwambia swali hilo halimo katika utafiti wake. Akaizima mashine.

22 Juni

Binti alikwenda kwa wifi jana bila kuniambia. Leo majibu yameletwa na binti wa marehemu kaka, ambaye ni muuguzi wa zahanati. Hajaacha kunitembelea miaka yote hii. Huja, husalimu, hunipima shinikizo la damu, na hamtaji mama yake.

"Shikamoo, shangazi. Mama anasema mila anaijua na atafanya. Shamba ni lake, lile lile. Ila ataingia na mtu mmoja tu."

"Nani?"

"Shangazi, na wewe." Akacheka. "Amesema Bi Nukta aje na mundu wake. Na uwe mkali, asije akamchelewesha."

Nikasema haiwezekani, mimi ni mtu mzima wa miaka sabini na mmoja, si mtu wa kuonyeshwa watu shambani kama ngonjera. Akanifunga kile kitambaa cha kupimia mkononi, akakipuliza hadi vidole vikafa ganzi.

"Unaogopa kunyamaza, shangazi, au unaogopa kusema?"

Shinikizo lilikuwa juu.

24 Juni

Nimekataa.

25 Juni

Mwenyekiti amekuja kuniomba. Nimekataa tena, kwa adabu.

27 Juni

Redio imesema mvua zitawahi mwaka huu. Mtama umekauka vizuri, punje ni ngumu kwenye jino. Mtu mwenye akili angeanza kuvuna kesho.

28 Juni

Hakuna aliyeanza.

29 Juni

Umefanyika mkutano uwanjani kwa mwenyekiti. Nilikwenda kuwaambia wavune.

Mwosha nguo akasimama, mama mzito wa maneno. Akasema wamemdanganya mtoto wa watu na wameona aibu. Sasa watamwonyesha jambo la kweli, na kijiji hakitakata suke hadi mstari wa kimya uvunwe. Wazee wa kike wakaitikia kwa makofi. Mmoja wao, bibi asiyeona tena, akasema tangu mila ile ikome amekula mtama kila mwaka na hajashiba hata mara moja. Mwanawe akamnong'oneza kwamba mbona juzi aliongeza sahani. "Niliongeza kwa sababu sikushiba!" akajibu, na uwanja mzima ukacheka.

Fundi Cherehani akanyoosha mkono kuuliza kama cherehani inaruhusiwa kuhudhuria. Nikamwambia akae. Akakaa.

Nikawaeleza habari ya mvua. Nikawaeleza kwamba mtama ukinyeshewa siku mbili utachipua juu ya bua, na hapo kila nyumba itakuwa imepoteza chakula cha mwaka. Mwenyekiti akasema: "Tunajua, Mwalimu. Ndiyo maana tunakuomba."

Hawakuwa na hasira. Walinitazama kama darasa linalosubiri jibu ambalo mwalimu analijua.

30 Juni

Nimemtuma binti kwa wifi. Tarehe nne, saa mbili asubuhi.

1 Julai

Nimenoa mundu. Muuguzi amepita, ameona jiwe na maji. Alitoka akipiga mluzi.

2 Julai

Nimeandika maneno ya kusema. Ni sentensi kumi na nne, zimekaa sawasawa. Nimezihifadhi kwa moyo na kuzisema mbele ya kioo.

3 Julai

Mawingu tangu alfajiri. Saa tisa yalidondoka manyunyu, yakakatika. Kila mtu alikuwa mlangoni, akitazama juu.

4 Julai

Mikono yangu haitaki kushika kalamu, lakini siku hii haitaandikwa na mtu mwingine kabla yangu.

Saa moja na nusu nilikuwa nimevaa. Nje kulikuwa na baridi na mbingu imeshuka hadi juu ya mapaa. Tulimkuta profesa ukingoni mwa shamba. Ni mtu mfupi, viatu vyake vinang'aa, mikono ameifunga kifuani. Akamuuliza binti, "Na hii ilitungwa lini?" Kumbe binti alikuwa amemwandikia habari za zile thelathini na nane. Nilimheshimu kwa hilo. Akajibu, "Subiri, Profesa."

Kijiji kizima kilikuwapo: miundu, vikapu, watoto migongoni. Mwenyekiti akainua mkono, na kimya kikaanza.

Wifi akatoka nyumbani kwake. Nimekuwa nikimwona kila wiki kwa miaka kumi na tisa, lakini kwa mgongo, au ng'ambo ya njia. Sikujua kwamba amekuwa mdogo kiasi kile. Amefunga kanga kiunoni kama msichana wa kazi. Alipita mbele yangu bila kunitazama, akaingia upande wa kulia. Nikaingia kushoto.

Tukaanza. Kushika suke, kukata, kutupa nyuma. Mkono wake ulikwenda kama mtu anayechana nywele. Mimi sijashika mundu tangu nistaafu, na hata kabla ya hapo nilikuwa msimamizi zaidi kuliko mvunaji. Kabla hatujafika nusu nilikuwa nimebaki nyuma hatua nne, kiganja kimechubuka. Jasho liliingia machoni. Nikasikia mundu wake umesimama. Halafu nikaona mkono wake unavuka kuja upande wangu. Ukakata masuke matatu, ukarudi. Hakugeuza kichwa. Sikujua kama ni msaada au dharau. Nikakaza mwendo.

Tukafika mwisho. Tukasimama.

Watu zaidi ya mia mbili, na hakuna aliyekohoa. Nilisikia majani makavu yakisuguana. Nilimwona profesa kwa mbali, mikono ameishusha. Dakika zikapita, nyingi. Wifi alitazama mbele kwenye ukuta wa nyumba yake, ule mlango alioufunga siku ile.

Nilizikumbuka sentensi zangu zote kumi na nne. Sikusahau hata neno. Ya kwanza ilisema, "Kwa kuwa nia yangu ilikuwa njema." Ya pili ilieleza hali ya hewa ya mwaka ule. Nikazipitia moja baada ya moja, pale nimesimama, nikaona kwamba zote zilikuwa zikinitetea. Hakuna hata moja iliyomhusu yeye.

Tone la kwanza likaanguka kwenye mundu wangu. Likafuata la pili. Nyuma yetu mtama wa kijiji kizima ulikuwa umesimama, na hakuna mtu aliyesogeza mguu.

Nikasema, "Wifi, mtama ule ulikuwa wako kuuvuna. Nilikunyang'anya wewe, nikamnyang'anya na kaka."

Hakujibu. Alikaa kimya hadi nikafikiri nimechelewa, kwamba kuna maneno ambayo yana mwaka wake na mwaka wangu umepita. Kisha akanigeukia. Alinitazama kuanzia viatu hadi kilemba.

"Na wale watoto wako," akasema, "waliimba vibaya."

Nikacheka. Nilicheka hadi nikashika magoti, mimi, mbele ya watu niliowafundisha kutocheka. Naye akacheka, na machozi yakimtoka, akanishika mkono wenye mundu ili nisijikate. "Vibaya sana, wifi! Hata marehemu alikuwa akisema: shule ile kwa hesabu sawa, kwa nyimbo hapana!"

Sijawahi kusikia kelele kama ile iliyofuata. Vigelegele, miluzi, vikapu vikipigwa kama ngoma. Bibi asiyeona alikuwa akiuliza, "Nani kasema kwanza? Nani?" na alipoambiwa akapiga kigelegele cha peke yake, kirefu kuliko vyote. Kisha watu wakaingia shambani kama maji.

Manyunyu yakakatika. Hatukuvuna kila mtu chake. Tulikwenda shamba kwa shamba, wote pamoja. Profesa alivua viatu, akapewa kikapu na mwosha nguo, akafokewa kwa kukibeba vibaya, akatii. Nilimtafuta binti nimkumbushe kuwasha kinasa sauti. Alikuwa katikati ya mtama, mashine inaning'inia mgongoni imezimwa, anakata vibaya lakini kwa bidii, akipiga kelele na wenzake.

5 Julai

Tumevuna kutwa. Mawingu yamening'inia, hayakudondosha. Muuguzi amenifunga bandeji viganja vyote viwili.

6 Julai

Kikapu cha mwisho kimeingia ghalani saa kumi. Mvua imeanza saa kumi na moja, mvua kamili, ya kufunika mlima. Watu wamesimama barazani wakiishangilia kama wameileta wao. Hakuna punje iliyolowa katika kijiji kizima. Narudia kwa furaha: hakuna hata moja.

7 Julai

Profesa ameondoka. Kabla hajaondoka alimuuliza wifi swali la haki: kama watu walitunga mila thelathini na nane, atajuaje kwamba ya thelathini na tisa haikutungwa pia?

Wifi akamjibu huku anapepeta: "Mwanangu, ungekuwa unatunga, ungejitungia kununiana miaka kumi na tisa?"

Ameandika jibu hilo kwenye daftari lake kwa wino. Utafiti umeongezewa miaka miwili. Binti Maswali alipoambiwa alinirukia shingoni jikoni, nikamwagikiwa na maji, na sikumkemea.

10 Julai

Mvua ya tano mfululizo. Wifi huja kila siku baada ya chakula cha mchana, hukaa kwenye kiti cha dirishani na kuanza pale alipoachia jana. Anasema kuna mambo mengi niliyokosa kuyasikia na hataki niyasikie ovyo ovyo, bali kwa mpangilio, mwaka baada ya mwaka: nani aliolewa, nani aliumwa, paa lilivuja wapi, alinisema nini kwa nani. Akifika pale aliponisema, hunyanyua sauti. Leo nilijaribu kuchangia neno. Akaniambia, "Nyamaza, wifi, bado sijamaliza."

Tumefika mwaka wa nne.